Kesi yako itasikilizwa Fort Worth

Msomaji wa Maskati, Unguja au Mombasa mwenye akaunti ya X huenda hajui kwamba ameshakubali kwenda mahakamani Texas. Tangu tarehe 15 Novemba 2024, masharti ya mtandao huo yanasema kwamba mzozo baina ya kampuni na mtumiaji utaamuliwa kwa sheria za Texas, ama mbele ya mahakama ya shirikisho ya Wilaya ya Kaskazini ya jimbo hilo, ama mbele ya mahakama za jimbo zilizoko kaunti ya Tarrant. Mji mkuu wa Tarrant ni Fort Worth, mji wa ng'ombe na reli ambao umekua mpaka ukakutana na Dallas, na sasa miji hiyo miwili hutajwa kwa pumzi moja. Watumiaji wa Umoja wa Ulaya na Uingereza wamewekewa masharti yao mbali. Sisi wengine tumepangiwa Tarrant.

Texas yenyewe haishangazi. Elon Musk alitangaza Julai 2024 kwamba anaihamisha X kutoka San Francisco, na ofisi zake zikawekwa Bastrop, karibu na Austin. Kinachoshangaza ni kwamba Bastrop haiko katika Wilaya ya Kaskazini ya mahakama za shirikisho. Iko ya Magharibi. Kutoka hapo hadi Fort Worth ni kiasi cha kilomita 300. Yaani kampuni imeiruka mahakama ya nyumbani kwake ikaenda kuchagua ya mbali. Mtu hafanyi safari ya namna hiyo bila ya sababu.

Tukisikia kwamba matajiri wa teknolojia wameingia katika siasa za Marekani, fikra zetu huenda moja kwa moja kwenye fedha za uchaguzi. Ni kweli fedha zipo. Mwaka 2024 Musk alitumia zaidi ya dola milioni 250 kumsaidia Donald Trump na wagombea wa Republican, na baada ya ushindi akapewa nafasi ya kupunguza matumizi ya serikali. Afrika Mashariki tuliyaona matokeo: shirika la USAID lilivunjwa, na kufika Machi 2025 waziri wa mambo ya nje Marco Rubio akatangaza kwamba asilimia 83 ya miradi yake imefutwa. Zahanati za Kenya, Uganda na Tanzania zilizotegemea dawa na mishahara kutoka huko hazikuhitaji kufafanuliwa maana ya habari hiyo.

Lakini fedha za kura hazina dhamana. Aprili 2025 Musk na makundi yake walimwaga zaidi ya dola milioni 20 katika uchaguzi wa jaji mmoja wa mahakama kuu ya jimbo la Wisconsin, na mgombea wao akaanguka vibaya. Miezi miwili baadaye akagombana na Trump hadharani. Ukitazama kura peke yake, unaweza kusema nguvu ya watu hawa inapanda na kushuka kama maji ya pwani. Ukitazama Dallas, Fort Worth na Houston, unaona kitu kingine kinachojengwa polepole, ambacho hakimo ndani ya sanduku la kura. Nacho ni uwezo wa kuchagua nani atakuwa hakimu wako, sheria gani itakuhukumu, na nani ataruhusiwa kukushitaki.

Dallas imemjua tajiri wa teknolojia kabla ya wengi. Ross Perot alianzisha kampuni ya EDS mjini humo mwaka 1962, ikishughulika na kuchakata data za wengine, na sehemu kubwa ya utajiri wake ilitokana na kazi ya kushughulikia madai ya bima ya afya inayolipwa na serikali. Mwaka 1983 gavana Mark White alimkabidhi uongozi wa kamati ya kutengeneza upya elimu ya Texas. Kamati hiyo ikazaa sheria iliyosema mwanafunzi anayefeli somo asiruhusiwe kucheza katika timu ya skuli. Kwa anayejua namna mpira wa Kimarekani unavyotukuzwa Texas, huo ulikuwa ujasiri wa aina yake, na makocha hawakumsamehe. Kisha mwaka 1992 akagombea urais bila ya chama, akinunua muda wa televisheni kwa fedha zake na kuwaeleza watu deni la taifa kwa kutumia chati. Alipata zaidi ya kura milioni 19, karibu asilimia 19, wala hakushinda jimbo hata moja.

Unaweza kumpenda au kumchukia Perot, lakini alisimama mbele ya watu akaomba. Makocha walimjibu, wapigakura walimjibu, naye akarudi nyumbani Dallas.

Sasa tazama Fort Worth. Tarehe 20 Novemba 2023 X ilifungua kesi mjini humo dhidi ya Media Matters, taasisi ya Washington inayofuatilia vyombo vya habari, iliyokuwa imeandika kwamba matangazo ya kampuni kubwa yanaonekana kando ya maandiko ya kuwasifu Wanazi. X ilidai kwamba taasisi hiyo iliuchezea mtandao mpaka ikapata picha ilizozitaka. Wakati huo X ilikuwa na makao yake San Francisco, na mshitakiwa yuko Washington. Kesi ikaangukia mikononi mwa jaji Reed O'Connor, yule aliyeamua Desemba 2018 kwamba sheria nzima ya bima ya afya ya Obama ni batili, uamuzi ambao Mahakama ya Juu iliutupa mwaka 2021. Katika kitengo cha Fort Worth majaji ni wachache, kwa hivyo anayefungua kesi hapo anaweza kukisia vizuri atamkuta nani. Na rufaa hupanda New Orleans, kwenye mahakama ya rufaa inayojulikana kuwa miongoni mwa zenye mrengo mkali wa kulia nchini humo.

Taarifa za mali za O'Connor zilionyesha kwamba amemiliki hisa za Tesla za thamani ya kati ya dola 15,001 na 50,000. Alipotakiwa aitambue Tesla kuwa yenye maslahi katika kesi ya X, alikataa, kwa hoja kwamba Tesla si upande katika shauri hilo. Agosti 2024 X ilifungua kesi nyingine katika wilaya hiyohiyo, safari hii dhidi ya Shirikisho la Watangazaji Duniani na kampuni kadhaa, ikidai zimekula njama ya kuisusia. Hapo O'Connor alijitoa. Taarifa zake zilikuwa zimeonyesha hisa za Unilever, mmoja wa washitakiwa.

Kesi hizi zimefanya kazi yake kabla ya hukumu. Media Matters ilipunguza wafanyakazi Mei 2024 huku ikibeba gharama za mawakili. Shirikisho la watangazaji lilivunja kitengo chake cha kuangalia usalama wa matangazo siku mbili tu baada ya kushitakiwa, likisema halina uwezo wa fedha wa kuendelea. Asiye na mfuko mzito hangoji kushindwa. Huchoka kabla.

Wazee wetu wasingeona ajabu katika haya. Mkataba wa tarehe 21 Septemba 1833 baina ya Sayyid Said bin Sultan na Marekani, uliotiwa saini Maskati na mjumbe Edmund Roberts, ulimpa balozi wa Kimarekani mamlaka ya pekee ya kuamua mizozo ya Wamarekani wao kwa wao ndani ya dola ya Sayyid. Balozi wa kwanza, Richard Waters, alifika Unguja mwaka 1837, na mwenyewe alikuwa mfanyabiashara. Hakimu na muuza bidhaa katika kanzu moja! Baadaye, balozi wa Kiingereza alipopata mahakama yake, wako wafanyabiashara wa Kihindi waliojihesabu chini yake au nje yake kulingana na kesi iliyowakabili. Kuchagua baraza la kuhukumiwa ni biashara ya zamani katika Bahari ya Hindi. Tofauti ni kwamba Sayyid Said alikaa mezani, akajua anatoa nini na anapata nini. Mtumiaji wa X alibonyeza kitufe akiwa kwenye foleni ya kulipia mafuta.

Tusidhani kwamba majaji wote wa Texas wamelipokea jambo hili kwa furaha. Agosti 2025 X na kampuni dada yake ya akili bandia, xAI, zilizishitaki Apple na OpenAI hapo hapo Fort Worth. Apple iko Cupertino, OpenAI iko San Francisco, na xAI yenyewe ilikuwa na ofisi Palo Alto, zote California. Jaji Mark Pittman, aliyeteuliwa na Trump, aliandika amri yenye kejeli ya kiungwana: kwa vile pande zote zinaonekana kuupenda sana mji wake, basi azihimize zihamishie makao yao makuu Fort Worth, na akawaelekeza kwenye ukurasa wa manispaa unaoshughulikia wafanyabiashara wapya. Alilalamika pia kwamba mafaili ya mahakama yake ni mengi kuliko ya Dallas. Kesi aliendelea nayo, kwa kuwa hakuna upande ulioomba ihamishwe.

Upande wa Dallas mambo ni ya kimya zaidi, na kwa maoni yangu ndiyo mazito kuliko yote. Januari 2024 jaji wa Delaware, jimbo dogo ambako kampuni nyingi kubwa za Marekani zimesajiliwa, alibatilisha malipo ya dola bilioni 56 ambayo bodi ya Tesla ilimpa Musk. Kesi ile ilifunguliwa na mwenyehisa mmoja aliyekuwa na hisa 9. Tisa tu. Musk akaihamisha SpaceX usajili wake kwenda Texas mwezi uliofuata, na Tesla ikafuata Juni.

Texas ilikuwa imeshajiandaa. Bunge lake lilipitisha mwaka 2023 sheria ya kuunda mahakama maalumu ya biashara, iliyofungua milango tarehe 1 Septemba 2024 ikiwa na vitengo Dallas, Fort Worth, Houston, Austin na San Antonio. Majaji wake hawapigiwi kura kama majaji wengine wa Texas. Huteuliwa na gavana kwa kipindi cha miaka miwili miwili. Kisha Mei 2025 gavana Greg Abbott akasaini sheria inayoziruhusu kampuni kuweka kiwango: mwenyehisa anayetaka kuwashitaki wakurugenzi kwa niaba ya kampuni lazima awe na hisa zinazofika mpaka asilimia 3. Tesla ilibadilisha kanuni zake siku hizo hizo. Asilimia 3 ya Tesla ilikuwa na thamani ya zaidi ya dola bilioni 30. Yule bwana wa hisa tisa asingepita hata getini.

Haki isemwe kwamba Musk hakuwa amenyimwa kila kitu Delaware. Desemba 2025 Mahakama ya Juu ya jimbo hilo ilitengua uamuzi wa awali na kumrudishia malipo yake. Lakini hiyo inaonyesha kwamba mlango wa rufaa ulikuwepo, na ulikuwepo kwa wote wawili, mwenye mabilioni na mwenye hisa tisa. Wakati huo huo Dallas imepata masoko mapya ya hisa: tawi la soko la New York lililoanza Machi 2025, na Soko la Hisa la Texas, linaloungwa mkono na BlackRock na Citadel Securities, lililopewa idhini mwishoni mwa Septemba 2025. Kampuni ikisajiliwa Texas, ikauza hisa Dallas na kushitakiwa mbele ya jaji wa gavana, mambo yake mengi yanamalizwa ndani ya jimbo moja.

Houston, mwendo wa saa nne kwa gari kutoka Dallas, ina hadithi tofauti kidogo, na huko jambo lenyewe ni maji. Watu wa Maskati waliokumbwa na Gonu mwaka 2007 hawahitaji kuelezwa. Agosti 2017 kimbunga Harvey kilizamisha zaidi ya nyumba 150,000 katika kaunti ya Harris, ambamo Houston imo. Mwaka mmoja baadaye wapigakura waliidhinisha deni la dola bilioni 2.5 kwa ajili ya kuzuia mafuriko. Idara ya kaunti inayohusika na mafuriko ikachunguza kwa miaka wazo la mahandaki makubwa ya kuyapeleka maji chini ya mji: mahandaki manane, yenye upana wa futi 30 hadi 40, kwa gharama ya dola bilioni 30.

Mwaka 2025 magazeti ya Texas yalifichua kwamba Musk na mbunge wa Houston, Wesley Hunt wa Republican, walikuwa wakiwapigia debe wakubwa wa serikali na wa kaunti waipe kampuni ya Musk ya kuchimba mahandaki, Boring Company, sehemu ya kazi hiyo kwa dola milioni 760. Mahandaki yake yana upana wa futi 12. Kwa hesabu ya eneo la duara peke yake, handaki moja la futi 30 ni sawa na zaidi ya sita ya futi 12, na la futi 40 ni sawa na kumi na moja. Maji yanayopita katika bomba jembamba hupungua kuliko hata hesabu hiyo, kwa sababu ya msuguano wa kuta. Hata hivyo, Aprili 2025 makamishna wa kaunti walipiga kura kuchunguza mradi wa majaribio ambao ungeweza kuwa na mahandaki membamba, na si umma wote uliojua wazo hilo limetoka wapi. Habari zilipotoka Agosti, mwanasheria wa kaunti, Christian Menefee, alitaka mlango ufungwe. Hakuna mkataba uliokuwa umesainiwa.

Hapa ndipo naiona tofauti na Fort Worth. Houston ilikuwa na makamishna wa kuchaguliwa, nyaraka zinazoweza kuombwa na waandishi, na wahandisi wa umma wenye hesabu zao mezani. Jambo lilipoanikwa, lilisita. Na waliokuwa hatarini ni pamoja na watu wetu: mitaa ya kusini-magharibi ya Houston imejaa wahamiaji, Wakongo waliokuja kama wakimbizi wakizungumza Kiswahili, Wakenya, Wasomali, watu wa nyumba za kupanga za ghorofa ya chini. Handaki likiwa dogo, wao ndio watakaolipima kwa magoti yao.

Kampuni hiyohiyo iko jirani na sisi. Februari 2025, kwenye Mkutano wa Serikali za Dunia, Dubai ilitangaza makubaliano nayo kuhusu njia ya chini ya ardhi ya kilomita 17 yenye vituo 11. Handaki la kupitisha abiria si handaki la mafuriko, na upana wa futi 12 unaweza kutosha kwa gari. Lakini masuali ya Houston yanafaa kubebwa: nani amekagua hesabu, na nani asiye na hisa katika jibu?

Watetezi wa Musk watasema hakuvunja sheria yoyote, na kwa haya niliyoyataja wako sawa. Watasema pia kwamba wapinzani wa Trump nao huchagua mahakama za majaji wanaowaelekea, na kwamba Delaware ilikuwa pepo ya makampuni miaka mingi kabla ya Texas. Yote kweli. Lakini wakili anayetafuta jaji mzuri kwa kesi moja hafanani na kampuni inayowapangia mamilioni ya watu wa dunia nzima mahakama moja, kabla hakujatokea ugomvi wowote.

Kenya imelikabili suali hili kutoka upande wa pili. Mwaka 2022 Daniel Motaung, aliyekuwa akichuja maudhui ya Facebook mjini Nairobi kupitia kampuni ya Sama, aliishitaki Meta. Meta ikajibu kwamba haina makao Kenya, basi mahakama za huko hazina mamlaka juu yake. Mahakama ya kazi ilikataa hoja hiyo Februari 2023, na Mahakama ya Rufani ikakubaliana nayo Septemba 2024. Aprili 2025 Mahakama Kuu ikasema vilevile katika kesi inayohusu machapisho ya chuki wakati wa vita vya Ethiopia. Majaji wa Nairobi walisema kwa ufupi: madhara yametokea kwetu au yamepita kwetu, njooni mjibu. Halafu Desemba 2024 rais William Ruto akawaambia wawekezaji wa kazi hizo za mtandaoni kwamba sheria inabadilishwa ili wasipelekwe tena mahakamani. Muswada wenyewe ukafikishwa bungeni. Nairobi nayo inaweza kuwa na Dallas yake.

Oman haiko nje ya habari hii. Desemba 2024 xAI ilipokusanya dola bilioni 6, Mamlaka ya Uwekezaji ya Oman ilikuwa katika orodha ya wawekezaji, pamoja na ile ya Qatar na MGX ya Abu Dhabi. Machi 2025 xAI ikaimeza X. Hivyo fedha za Waomani zimo ndani ya kampuni iliyokwenda Fort Worth Agosti mwaka huo, na ndani ya mtandao ambao masharti yake yanampeleka Muomani huyohuyo Tarrant. Mwekezaji wa kiwango hicho huwa na watu wa kuzungumza nao, nalo suali la kwa nini mtumiaji wa Ulaya asikilizwe kwao na wa Maskati asikilizwe Texas si gumu kuliuliza. Ukitaka kukisoma kipengele chenyewe, kifungue kwenye simu yako: kiko kuelekea mwisho wa masharti, baada ya sehemu ambayo wengi wetu huacha kusoma.